Alkemia na Kemia: Mpaka Uliochorwa kwa Kuchelewa

Msomaji wa leo anapokutana na neno alkemia, aghalabu hufikiria jambo moja tu, nalo ni juhudi za watu wa kale za kugeuza risasi au shaba kuwa dhahabu, na mara nyingi fikra hiyo huandamana na dhana ya uchawi na ulaghai, kana kwamba wote walioitwa kwa jina hilo walikuwa matapeli au watu waliodanganyika. Fasiri hiyo si ya uongo, kwa kuwa wengi wao walitaka kweli kupata dhahabu, lakini ni finyu, na ufinyu wake umewadhulumu watu waliojenga misingi ya mojawapo ya sayansi kubwa za dunia. Kwa karne nyingi, kuyeyusha madini, kutia rangi nguo na vito, kuandaa dawa na tindikali, na kuchunguza namna vitu vinavyoungana na kutengana, zote zilikuwa kazi zilizofanywa na watu wale wale, mbele ya tanuri lile lile, chini ya jina moja. Mpaka unaotenganisha alkemia na kemia ulichorwa karibu na mwaka 1700, na miongoni mwa hoja zilizotumika kuuchora imo moja iliyotokana na kutoelewa kipande kidogo cha neno la Kiarabu.

Waarabu walilipokea jina hilo kutoka katika Kigiriki, ambamo liliandikwa kwa namna mbili zinazokaribiana, khemeia na khymeia. Wataalamu wa asili ya maneno wana maelezo mawili, na hakuna hata moja lililolishinda jingine kabisa. Wapo wanaolihusisha na jina ambalo Wamisri wa kale waliiita nchi yao, lenye maana ya ardhi nyeusi kwa sababu ya udongo wa bonde la Mto Nile, na kwa maelezo hayo khemeia ni ufundi wa Misri. Wengine wanalihusisha na neno la Kigiriki khyma, yaani metali iliyoyeyushwa na kumiminwa katika kalibu. Maelezo yote mawili yanamrudisha msomaji mahali pamoja, kwani maandishi ya mwanzo kabisa ya ufundi huu yalitoka Misri, wakati nchi hiyo ilipokuwa chini ya utawala wa Kirumi na wasomi wake wakiandika kwa Kigiriki.

Maandishi mawili ya mafunjo ya karne ya 3, ambayo leo yamehifadhiwa Leiden nchini Uholanzi na Stockholm nchini Sweden, yana jumla ya maelekezo yapatayo 250 ya kutengeneza vitu vinavyofanana na dhahabu, fedha, vito vya thamani na kitambaa cha rangi ya zambarau. Haya yalikuwa maelekezo ya karakana, yaliyoandikwa kwa ufupi na mtu anayejua kazi, na ndani yake hamna fumbo wala dua. Fundi alielezwa namna ya kuongeza metali nyingine katika dhahabu bila rangi kupotea, na pia namna ya kuipima metali ili kujua kama imechanganywa, jambo linaloonyesha kwamba alifahamu vizuri tofauti ya kitu halisi na kitu cha kuiga. Karibu na mwaka 300 akatokea Zosimos wa Panopolis, mji ambao sasa unaitwa Akhmim, aliyeandika kwa mtindo tofauti kabisa. Zosimos alieleza vyombo vya kukenekea, yaani vyombo vya kuchemshia kitu hadi mvuke wake upande na kupozwa uwe kimiminika tena, huku akichanganya maelezo hayo na ndoto na mafunzo kuhusu kutakasika kwa nafsi. Alimtaja kwa heshima kubwa mwanamke mmoja aliyemtangulia, Maria Myahudi, ambaye jina lake limebaki katika majiko ya Wafaransa hadi leo, kwani chungu kinachowekwa ndani ya maji ya moto ili chakula kisiungue bado huitwa huko bafu la Maria. Tangu enzi za Zosimos, basi, jina hili lilikwisha kubeba mambo mawili pamoja: kazi ya mikono na tafakuri.

Ufundi huo ulipopita katika Kiarabu kuanzia karne ya 8, jina lilipata kipande al mwanzoni na kuwa al-kimiya. Kipande hicho ni kibainishi cha nomino tu, kisichoongeza wala kupunguza maana, na jambo hilo lafaa kukumbukwa kwa sababu litarejea. Waarabu walikuwa na jina jingine pia, as-san'a, yaani ufundi, neno lenye mzizi mmoja na sanaa ya Kiswahili. Mwandishi mashuhuri kuliko wote katika lugha hiyo ni Jabir ibn Hayyan, anayesemekana kuishi katika karne ya 8, ingawa mamia ya vitabu vyenye jina lake ni vingi mno kuwa vya mtu mmoja, na wachunguzi wengi wanaona kwamba sehemu kubwa iliandikwa na wanafunzi na wafuasi wa fikra zake hadi karne ya 10. Katika vitabu hivyo metali zote zinaelezwa kuwa zimezaliwa ardhini kutokana na zebaki na kiberiti, na kwamba zinatofautiana kwa sababu ya usafi wa viasili hivyo viwili na kiwango cha kila kimoja. Anayeikubali nadharia hiyo hawezi kuiona ndoto ya dhahabu kuwa ya ajabu, kwa sababu ikiwa shaba na dhahabu zina viasili vile vile vilivyopimwa kwa mizani tofauti, basi anayejua kuirekebisha mizani anaweza kuirekebisha metali. Nadharia hiyo ilikuwa na makosa, lakini ilikuwa nadharia ya kweli kuhusu maumbile, na iliongoza majaribio kwa takriban miaka 900.

Abu Bakr al-Razi, tabibu wa Kiajemi aliyeishi takriban kuanzia 865 hadi 925, aliandika Kitab al-Asrar, ambacho licha ya jina lake, Kitabu cha Siri, ni miongoni mwa maandishi yaliyo wazi kabisa katika fani hii. Humo aliorodhesha vyombo vya karakana, akaeleza hatua za kazi, na kuvigawa vitu vya ardhini katika makundi kwa kufuata tabia zake: roho, yaani vitu vinavyoruka vikipashwa moto, kama zebaki, kiberiti na nushadiri, miili, yaani metali, kisha mawe, chumvi, buraki, na kundi la vitu vinavyofanana na mrututu. Msomaji wa pwani ya Afrika Mashariki hahitaji mkalimani kwa sehemu kubwa ya orodha hiyo. Zebaki ni neno lake, mrututu umewahi kutumiwa kutibu vidonda, nushadiri inajulikana kwa masonara wanaounga vipande vya fedha, na kiberiti, ambacho sasa kwa wengi ni kijisanduku cha njiti tu, kwa Kiarabu ndiyo salfa yenyewe.

Maneno mengine ya fani hiyo yalisafiri mbali zaidi na kubadilika maana njiani. Al-kuhl lilikuwa jina la unga laini wa kupaka machoni, yaani wanja wa manga, kisha huko Ulaya likawa jina la unga wowote uliosagwa hadi ukawa laini mno, likapanuka tena kuwa kiini kilichosafishwa cha kitu chochote, na hatimaye likabaki kuwa alkoholi, kiini cha mvinyo. Al-iksir, dutu iliyotarajiwa kuikamilisha metali duni, ilitokana na neno la Kigiriki la unga mkavu wa kunyunyizia kwenye jeraha, na asili hiyo inaonyesha fikra nzima iliyokuwa nyuma yake, kwani metali isiyofikia daraja la dhahabu ilichukuliwa kuwa mgonjwa na mwenye ujuzi alikuwa tabibu wake.

Haifai kudhani kwamba watu wote wa zama hizo waliamini jambo hilo. Ibn Sina, tabibu na mwanafalsafa aliyeishi tangu 980 hadi 1037, aliandika kwamba mafundi wanaweza kuitia shaba rangi ya dhahabu hadi mtazamaji akadanganyika, lakini hawawezi kuibadili shaba isiwe shaba, kwa kuwa tofauti za asili za metali haziko mikononi mwa binadamu. Mwanahistoria Ibn Khaldun naye, katika karne ya 14, alitenga sura ya kitabu chake, Muqaddima, kuipinga kazi hiyo. Kinachostahili kuangaliwa ni walichokipinga hasa. Walipinga kugeuza metali, wala hawakuwa na ugomvi na kukeneka, kusafisha chumvi au kuandaa dawa, na kwa hiyo maana finyu na maana pana za al-kimiya zilikuwa zikiishi bega kwa bega hata katika lugha ya Kiarabu yenyewe.

Ulaya ya Kilatini ililipata jina hili kwa njia ya tafsiri zilizofanywa Hispania. Kitabu kinachohesabiwa kuwa cha kwanza, mazungumzo kati ya mtawa aitwaye Morienus na mwana wa mfalme Khalid ibn Yazid, kimeandikwa tarehe ya kutafsiriwa, 11 Februari 1144, na mtafsiri anatajwa kuwa Robert wa Chester. Kwa kuwa Kilatini hakina kibainishi, watafsiri hawakukitambua kipande al kuwa kitu cha pekee, wakakiacha kigandame, na neno likawa alchemia. Tangu hapo watawala na viongozi wa kanisa walilifahamu zaidi kwa upande wa fedha bandia. Mwaka 1317 Papa Yohane wa 22 alitoa amri dhidi ya wanaotengeneza dhahabu isiyo ya kweli, na mwaka 1404, chini ya Mfalme Henry wa 4, Uingereza ilipitisha sheria iliyofanya kuzidisha dhahabu na fedha kuwa kosa la jinai. Sheria hiyo ya Uingereza haikusema kwamba jambo lenyewe haliwezekani. Iliharamisha tendo, na mfalme alikuwa na sababu ya kuhofu, kwani mtu mwenye uwezo wa kujitengenezea dhahabu angekuwa na hazina isiyo chini ya mamlaka yoyote.

Katika karne ya 16 neno lilipanuka kuliko wakati mwingine wowote. Paracelsus, tabibu mzaliwa wa Uswisi aliyefariki mwaka 1541, alishikilia kwamba kazi kuu ya alkemia ni kutengeneza dawa, na akaongeza chumvi kuwa kiasili cha tatu pamoja na zebaki na kiberiti. Kwa wafuasi wake, kutenga kilicho safi na kisicho safi, kiwe ni madini au mmea, ndiyo alkemia. Mwaka 1597 Andreas Libavius, mwalimu wa Kijerumani asiyempenda Paracelsus hata kidogo, alichapisha kitabu kikubwa kilichopanga kwa utaratibu vyombo, taratibu na bidhaa zote za fani hiyo ili ziweze kufundishwa shuleni, na wanahistoria wengi wanakihesabu kuwa kitabu cha kwanza cha kiada cha kemia. Jina lake ni Alchemia. Hapana ushahidi mwepesi kuelewa kuliko huo, kwamba kitabu cha kwanza cha kufundishia kemia hakikuona haja ya kuitwa kwa jina jingine.

Wakati huo huo lilikuwapo umbo fupi, chymia, lililopendwa na wasomi kama Georgius Agricola, bingwa wa uchimbaji madini, ambao walitaka kukisafisha Kilatini chao na kuondoa kila kilichonukia Kiarabu. Walikikata kipande al kwa sababu ya lugha, si kwa sababu ya sayansi, na hawakukusudia kutaja kitu tofauti. Katika karne yote ya 17 maumbo hayo mawili yalitumiwa kwa kubadilishana. Robert Boyle, ambaye kitabu chake The Sceptical Chymist cha mwaka 1661 husifiwa kwamba ndicho kilichoizika alkemia, alitafuta jiwe la wanafalsafa, yaani iksiri ya kugeuza metali, kwa sehemu kubwa ya maisha yake, na alikuwa miongoni mwa waliofanikisha kufutwa kwa sheria ya 1404 mwaka 1689. Isaac Newton aliacha maandishi ya alkemia yanayokadiriwa kufikia maneno milioni moja, ambayo ndugu na warithi hawakuyachapisha, na ambayo watu wengi waliyajua kwa mara ya kwanza yalipopigwa mnada London mwaka 1936.

Utengano ulikuja pale wanakemia walipotaka heshima ya chuo na taaluma. Mwishoni mwa karne ya 17 Nicolas Lémery, mfamasia wa Paris aliyechapisha Cours de chymie mwaka 1675, alifanya katika matoleo ya baadaye jambo ambalo wengine walilifuata: alidai kwamba kipande al kiliongezwa na watu waliotaka kuonyesha kuwa kemia yao ni ya juu na tukufu kuliko ya kawaida, kisha akawashambulia watu hao kuwa ni wadanganyifu. Kibainishi cha Kiarabu, ambacho hakikuwahi kuwa na maana hiyo, kikageuzwa kuwa alama ya kiburi. Kutoka hapo ilikuwa rahisi kugawa urithi. Kila lililofanikiwa, kama dawa, tindikali, rangi na vipimo vya madini, liliwekwa katika hesabu ya kemia, na kila lililoshindwa likatupwa upande wa alkemia. Mwaka 1722 Étienne-François Geoffroy alisoma mbele ya Chuo cha Sayansi cha Paris makala iliyofichua hila za wauza dhahabu, kama vile misumari iliyokuwa nusu dhahabu na nusu chuma huku nusu moja ikifunikwa kwa rangi. Hila hizo zilikuwa za kweli na zilistahili kufichuliwa. Kosa lilikuwa kuhukumu kwa hila hizo watu wote wa miaka 1,500 iliyotangulia.

Karne ya 19 iliongeza kosa la aina nyingine, safari hii kwa nia njema. Waandishi waliopenda mambo ya siri za kiroho, hasa Uingereza, walidai kwamba wanaalkemia hawakuwa na haja na metali hata kidogo, na kwamba tanuri, zebaki na simba wa kijani wa maandishi yao vilikuwa mafumbo ya safari ya nafsi. Carl Jung, mtaalamu wa saikolojia wa Uswisi, aliipa fikra hiyo nguvu mpya katika kitabu chake cha 1944, akiyaona mafumbo hayo kuwa picha za akili iliyofichika. Fasiri hizo zina mvuto mkubwa, na riwaya ya Paulo Coelho ya mwaka 1988 imezisambaza duniani kote, lakini zinawanyang'anya wanaalkemia kitu walichokithamini kupita vyote, yaani kazi ya mikono yao.

Jibu bora kwa fasiri hizo lilitoka maabarani. Lawrence Principe, mwanakemia na mwanahistoria wa Marekani, alichukua maelekezo ya kutengeneza kioo cha antimoni yaliyomo katika kitabu cha mwaka 1604 chenye jina la Basil Valentine. Maelekezo yanataka madini ya antimoni, ambayo ndiyo aina mojawapo ya wanja wa kale, yasagwe, yaokwe polepole hadi yawe majivu ya kijivu, kisha yayeyushwe kwa moto mkali na kumiminwa, na matokeo yawe kioo chenye rangi ya dhahabu kinachopitisha mwanga. Principe alitumia kemikali safi ya maabara na akapata bonge la kijivu lisilo na uzuri wowote. Kitabu, hata hivyo, kilitaja madini ya Hungaria, naye alipotafuta madini ya asili kutoka Ulaya ya Mashariki na kufuata hatua zile zile, kioo cha manjano kilitokea. Uchunguzi ulionyesha kwamba madini hayo yalikuwa na kiasi kidogo cha mawe ya kwazi, na alipotia chembe za silika, dutu ile ile ya mawe hayo, katika mabonge yaliyoshindikana, nayo yakageuka kioo. Mwandishi wa kale hakujua sababu, lakini alikuwa ameifanya kazi hiyo kwa mikono yake na akaandika kwa uaminifu madini aliyoyatumia.

Ni Principe huyo huyo aliyeungana na mwanahistoria mwenzake William Newman, na katika makala yao ya mwaka 1998 wakapendekeza kwamba kazi za karne ya 16 na ya 17 ziitwe kwa tahajia ya zamani ya Kiingereza, chymistry, ili msomaji asilazimike kuchagua kati ya alkemia na kemia pale ambapo wahusika wenyewe hawakuchagua. Pendekezo hilo limekubaliwa na wanahistoria wengi. Kiarabu cha leo kimelitatua tatizo kwa njia yake, kikiita kemia ya kisasa al-kimiya na ile ya kale al-khimiya, kwa tofauti ya herufi moja. Kiswahili kimepokea neno kemia kwa umbo linaloonyesha kwamba limepitia Ulaya, likiwa limekwisha kukatwa al yake, ndiyo maana Mkemia Mkuu wa Serikali anayepima sampuli nchini Tanzania ana cheo ambacho mzizi wake uliwahi kutamkwa Baghdad. Waandishi na watafsiri wa Kiswahili wangefanya vyema kulitumia neno alkemia kwa kugeuza metali na mafumbo yake tu, na kuziita kazi nyingine zote za kabla ya 1700 kemia ya kale, kwa sababu msomaji asiyejua historia hii atamdharau Libavius kwa sababu ya jina la kitabu chake.

Mfano unaoonyesha hasara ya kutofanya hivyo ni ule wa Hennig Brand wa Hamburg, ambaye mwaka 1669, akitafuta jiwe la wanafalsafa, alikusanya mkojo mwingi, akauacha uchache, akauchemsha hadi ukabaki uji mzito, kisha akaupasha moto mkali hadi ikatoka dutu nyeupe, laini kama nta, inayong'aa gizani na kuwaka yenyewe hewani. Hiyo ilikuwa fosforasi, na Brand ndiye mtu wa kwanza anayejulikana kwa jina kuwa aligundua elementi. Siri yake iliuzwa, ikapita mikono kadhaa, na Boyle, aliyepata fununu kwamba dutu hiyo ilitoka katika mwili wa binadamu, aliitengeneza mwenyewe mwaka 1680 na kuikabidhi Royal Society taarifa ya kazi hiyo ikiwa imefungwa kwa lakiri. Vitabu vinavyomwita Brand mwanaalkemia na Boyle mkemia vinawatenga watu wawili walioanza na mkojo ule ule, wakatumia moto ule ule, na ambao wote wawili waliamini kwamba dhahabu inaweza kutengenezwa.